Karuna Isiyo na Mzazi: Nadharia ya Rasa na Filamu Fupi za Ukame wa Ukambani

Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili upo mfano ambao hakuna mwanafunzi aliyepita darasani bila kukutana nao: fani ni kikombe, maudhui ni kahawa iliyomo ndani yake. Mfano huo umetetewa na kupingwa kwa miongo kadhaa. Wapo waliosema kwamba kikombe na kahawa vyaweza kutenganishwa ilhali fani na maudhui haviwezi, wakapendekeza sarafu yenye pande mbili badala yake. Katika mabishano yote hayo, swali ambalo mnywaji yeyote wa kahawa angeliuliza kwanza lilisahauliwa: kahawa yenyewe ina ladha gani? Mhakiki alishughulika na chombo na kilichomo, akampa msanii alama kwa vyote viwili, kisha akaondoka bila kuonja.

Makala haya yanadai kwamba kasoro hiyo, ambayo katika uhakiki wa riwaya ilivumilika, imekuwa msiba katika uhakiki wa filamu fupi. Yanadai pia kwamba dawa yake iko ng'ambo ya bahari ileile iliyoleta bizari na chapati katika pwani hii, pamoja na nyimbo za filamu za Kihindi ambazo mahadhi yake yaliingia katika taarabu. Dawa hiyo ni nadharia ya rasa. Lakini ni lazima isemwe mapema kwamba dawa hiyo imeanza kutumiwa vibaya hata kabla haijazoeleka, na wanaoitumia vibaya ni baadhi ya wale wanaoisifu. Kwa hiyo makala yanapigana katika pande mbili: dhidi ya wanaotafuta ujumbe pekee, na dhidi ya wanaotafuta rasa kama mtu anayehesabu vifungo vya shati.

Uwanja wa mapigano ni Ukambani, na hasa ile nchi kavu iliyo kati ya Kitui na Mwingi ambako mji wa Migwani upo. Sababu ya kuchagua mahali hapo ni kwamba hakuna sehemu ya Kenya ambayo imezoeleka zaidi kuonyeshwa katika filamu fupi kwa hisia moja tu. Filamu hiyo inajulikana kabla haijaanza. Kwanza huja ardhi iliyopasuka. Kisha mzoga wa ng'ombe, mtungi wa manjano uliolala ubavu, bibi kizee anayetazama mbali, mtoto asiyesema neno. Muziki ni wa taratibu na wa huzuni. Mwishoni maandishi meupe juu ya weusi yanamweleza mtazamaji idadi ya wenye njaa na, mara nyingi, namna ya kutoa msaada. Filamu za asasi zimefuata mkondo huo, na wanafunzi wameurithi. Tangu tamasha la kitaifa la maigizo ya shule na vyuo vya Kenya lilipofungulia filamu milango yake katika muongo wa 2010, na tangu simu ya mkononi ilipogeuka kuwa kamera, kijana wa Migwani anaweza kutengeneza filamu ya dakika kumi bila kumwomba mtu ruhusa. Linalosikitisha ni kwamba anapoinua simu yake kupiga picha ya kwao, mara nyingi anaona kile ambacho wageni walimfundisha kuona.

Ukoo wa picha hiyo unajulikana. Mnamo Oktoba 1984 mpiga picha Mohamed Amin, Mkenya mzaliwa wa Nairobi wa ukoo wa Kipunjabi, alirekodi huko Korem, Ethiopia, picha za njaa ambazo BBC ilizitangaza tarehe 23 ya mwezi huo pamoja na maelezo ya Michael Buerk. Dakika chache zile ziliitikisa dunia. Tamasha la Live Aid la 1985 lilitokana na mwamko ule. Hakuna mwenye akili timamu atakayemlaumu Amin. Alikuwa mwanahabari, watu walikuwa wanakufa, na kusudi la picha zake lilikuwa kumfanya mtazamaji ainuke kitini. Kosa ni la waliokuja baada yake, ambao walichukua umbo la taarifa ya habari wakalifanya kuwa umbo la sanaa, pasipo kuuliza kama hisia iliyofaa katika taarifa ya habari ndiyo hisia inayofaa katika filamu ya kubuni.

Mhakiki wa ujumbe hana la kusema juu ya kosa hili. Akiulizwa kuhusu filamu ya ukame, atasema maudhui yake ni ukame, umaskini na mabadiliko ya tabianchi. Dhamira kuu ni kuhimiza jamii kutunza mazingira. Fani imetumia mandhari halisi na lugha rahisi. Kila alichosema ni kweli, na hata kimoja hakimwambii msomaji kwa nini filamu mbili zenye maudhui hayohayo, dhamira ileile na mandhari yaleyale zinamwacha mtazamaji mmoja akiwa amechoka na kutaka kutoka, na mwingine akiwa amenyamaza kwa muda mrefu baada ya taa kuwaka. Hapo ndipo Bharata anapohitajika.

Natyashastra, kitabu cha sanaa ya maonyesho kinachohusishwa na jina la Bharata, kilitungwa takriban miaka elfu mbili iliyopita. Sura zake za 6 na 7 ndizo zinazoweka msingi wa nadharia hii, na msingi wenyewe umejengwa jikoni. Bharata anauliza: kwa nini jambo hili linaitwa rasa, yaani utomvu au ladha? Anajibu kwamba ni kwa sababu linaonjwa. Kama vile viungo, majani na vitu vingine vinavyoungana katika chakula huzaa ladha ambayo haimo katika kiungo kimoja peke yake, ndivyo visababishi vya hisia, vidhihirisho vyake na hisia za mpito vinavyoungana jukwaani na kumzalia mtazamaji rasa. Mpishi wa muthokoi ataelewa haraka kuliko profesa. Mahindi yaliyotwangwa katika kinu hadi ganda likatoka, maharagwe au mbaazi, kitunguu, chumvi, moto wa taratibu. Aonjaye haonji mbaazi kisha mahindi kisha chumvi. Anaonja muthokoi. Na ikiwa mpishi ametia chumvi pekee, hata iwe chumvi safi namna gani, hakuna atakayeuita ule upishi.

Bharata alitaja rasa nane: shringara ya mapenzi, hasya ya kicheko, karuna ya majonzi, raudra ya ghadhabu, vira ya ushujaa, bhayanaka ya hofu, bibhatsa ya kinyaa na adbhuta ya mshangao. Ya tisa, shanta ya utulivu, iliongezwa baadaye na kutetewa kwa nguvu na Abhinavagupta, mwanafalsafa wa Kashmir aliyeishi mwishoni mwa karne ya 10 na mwanzoni mwa karne ya 11. Kila rasa ina hisia ya kudumu iliyo chini yake: chini ya karuna kuna huzuni, chini ya vira kuna ari, chini ya adbhuta kuna bumbuwazi. Hisia hizo, kwa mujibu wa Abhinavagupta, zimo tayari ndani ya mtazamaji kama mabaki ya maisha yake. Mtu wa Kitui hahitaji kuelezwa zaidi, kwa maana amekulia kando ya mito ambayo juu ni mchanga mkavu na chini ni maji. Anayejua pa kuchimba huyapata.

Lakini huzuni si karuna. Hili ndilo jambo ambalo wengi hulipita mbio, na ndilo lenye uzito kuliko orodha ya majina. Mtu aliyefiwa ana huzuni, hana karuna. Huzuni yake ni yake, inamfunga, inamtaka afanye jambo au ashindwe kufanya jambo. Karuna ni huzuni iliyovuliwa umiliki: si ya mhusika tena, si ya mtazamaji, na kwa hiyo inaweza kuonjwa na wote waliopo. Bhatta Nayaka, aliyemtangulia Abhinavagupta, aliuita mchakato huo ujumuishaji, na Abhinavagupta aliorodhesha vikwazo saba vinavyouzuia, kimojawapo kikiwa ni mtazamaji kuzama katika furaha na uchungu wake mwenyewe. Kwa kipimo hicho, filamu inayomalizika kwa kumtaka mtazamaji atoe msaada imejiwekea kikwazo kwa mikono yake. Inamrudisha mtazamaji kwenye nafsi yake na mfuko wake, hatia yake na nafuu yake ya kutokuwa yeye. Inaamsha huzuni na kuizuia isiive.

Hapa pana hoja moja ya Bharata ambayo, kwa maoni ya makala haya, ndiyo silaha kali kuliko zote, nayo haitumiwi. Bharata hakuziacha rasa nane zikae bega kwa bega kama wanafunzi katika picha ya darasa. Alisema nne huzaa na nne huzaliwa. Shringara huzaa hasya. Vira huzaa adbhuta. Bibhatsa huzaa bhayanaka. Na karuna? Karuna huzaliwa na raudra. Majonzi ni matokeo ya ghadhabu. Mahali palipo na maombolezo, palitangulia tendo la ukali, na tendo lina mtendaji. Hata miongoni mwa michezo mifupi ya tendo moja ambayo Natyashastra inaieleza, ule uliotengwa kwa ajili ya karuna, utsrishtikanka, ni mchezo wa wanawake wanaolia baada ya vita kwisha. Vita havionyeshwi, lakini vimekuwapo. Bila vita kilio hicho hakina maana.

Sasa itazamwe tena ile filamu ya ukame. Inaonyesha karuna isiyo na mzazi. Ng'ombe amekufa, na aliyemuua ni jua. Bibi ana njaa, na aliyesababisha ni mawingu. Hakuna raudra hata chembe: hakuna aliyekasirika, hakuna aliyekosewa, hakuna mkosaji. Watu wa Ukambani wenyewe hawakuzielewa njaa zao hivyo, na ushahidi umo katika majina waliyozipa. Njaa iliyowapata katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1980 waliiita Nikw'a Ngwete, yaani nafa huku nimeshika, na kilichoshikwa ni pesa. Jina hilo fupi ni uhakiki wa uchumi. Linasema kwamba fedha zilikuwapo mkononi na chakula hakikuwapo dukani. Kwa hiyo swali si mvua peke yake, ni soko, ni barabara, ni ghala na wenye funguo za ghala. Ndani ya jina hilo mna raudra, mna karuna, na mna hasya chungu ya mtu anayejicheka akiwa na noti mfukoni na tumbo tupu. Msanii aliyepewa jina kama hilo na mababu zake, kisha akatengeneza filamu ya ardhi iliyopasuka na muziki wa kusikitisha, ametupa chungu kizima akabaki na chumvi.

Vilevile filamu hiyo huficha mwethya. Kila aliyepita Migwani au popote Kitui anajua kwamba penye ukame pana vikundi vya kazi ya pamoja, wanawake wakiwa wengi zaidi, vikichimba matuta na kubeba mawe ya kujengea mabwawa ya mchanga katika mito ya msimu. Mwethya ni ari, na ari ndiyo hisia ya kudumu ya vira. Kwa nini haionekani? Kwa sababu inaharibu huruma. Mtu anayebeba jiwe kichwani huku akiimba hafai kuhurumiwa kwa namna ile ambayo filamu inataka. Ataleta ladha ya pili, na mtengenezaji wa filamu anaogopa ladha ya pili. Bharata asingeogopa; kwake hisia za mpito, ambazo alizihesabu kuwa 33, lazima zipande na kushuka juu ya hisia ya kudumu, la sivyo hisia hiyo haiwezi kufikia ukomavu wa rasa. Huzuni isiyokatizwa na tumaini, aibu, wasiwasi, kumbukumbu au hata usingizi si huzuni kubwa zaidi, bali ni huzuni mbichi. (Haidhuru kukumbusha kwamba filamu ndefu Thank You for the Rain ya 2017, ambayo Julia Dahr aliiongoza na ambamo mkulima Kisilu Musya wa Kitui alijishikia kamera mwenyewe, ilifika mbali kwa sababu mkulima huyo alikuwa na mambo mengi ya kufanya mbele ya kamera kuliko kuteseka.)

Itasemwa kwamba dakika ishirini hazitoshi kwa hayo yote. Mfano wa kukanusha upo, tena wa Mkenya, tena juu ya ukame. Pumzi ya Wanuri Kahiu, iliyotengenezwa mwaka 2009 na kuonyeshwa katika tamasha la Sundance mwaka 2010, ina urefu wa takriban dakika ishirini na moja. Inasimulia Afrika Mashariki iliyokauka baada ya vita vya maji, ambako watu wanaishi ndani ya jengo lililofungwa na kunywa tena mkojo na jasho lao wenyewe baada ya kusafishwa. Asha, mtunzaji wa makumbusho, anapokea udongo usiojulikana ulikotoka. Anapanda mbegu, inachipua, anakatazwa kutoka nje, anatoroka, anavuka jangwa na kuupanda mche. Anaumwagilia maji yake ya mwisho, kisha jasho lake, kisha anaukinga kwa kivuli cha mwili wake hadi anakufa.

Mhakiki wa ujumbe ataandika: utunzaji wa mazingira. Mhakiki wa rasa aliyezoea kuhesabu vifungo ataandika: shujaa amekufa, kwa hiyo karuna. Wote wawili wamekosea. Filamu hii haionjeshi karuna, hata kama inamalizika kwa kifo. Inaonjesha vira, na Bharata aligawa vira katika sehemu tatu: ya utoaji, ya wajibu na ya vita. Asha ni shujaa wa utoaji. Na kwa kuwa vira huzaa adbhuta, picha ya mwisho, kamera ikipaa juu ya jangwa na mti ukikua pale mwili ulipolala, haimliwazi mtazamaji, inamshangaza. Huo ndio mpangilio wa Natyashastra, ingawa hakuna haja ya kudhani kwamba Kahiu aliwahi kukifungua kitabu hicho. Nadharia njema hueleza kazi ya msanii asiyeijua.

Kuna jambo zaidi katika Pumzi ambalo uhakiki wa kikombe na kahawa usingeliona kamwe. Bharata alitaja ishara nane za mwili ambazo haziwezi kuigizwa bila moyo kuguswa: kuganda, kutoka jasho, kusisimka nywele, kukwama kwa sauti, kutetemeka, kubadilika rangi, machozi na kuzirai. Jasho ni la pili katika orodha hiyo. Katika jukwaa la kale mtazamaji aliyeketi mbali angelionaje jasho? Ilibidi aliamini. Kamera inayosogea karibu na uso ndiyo iliyolifanya jasho lionekane kweli, na Kahiu amelijengea filamu nzima. Katika mji wa Asha jasho ni mali. Hukusanywa, husafishwa, hunywewa. Dalili ya moyo imegeuzwa kuwa akiba ya serikali, kama vile ndoto zinavyozimwa kwa vidonge. Asha anapolimwaga jasho lake juu ya mche analirudisha kwenye kazi yake ya kwanza. Filamu yenye maneno machache sana imesema hayo kwa ngozi ya mtu.

Mfano wa pili uko karibu zaidi na Migwani kuliko unavyodhaniwa, kwa kuwa barabara ya Thika hadi Garissa inayopita Mwingi ndiyo njia ya mabasi yaendayo kaskazini mashariki. Watu Wote, filamu ya dakika ishirini na mbili ya Katja Benrath, iliyotengenezwa mwaka 2017 kama kazi ya kuhitimu katika Hamburg Media School na kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar mwaka 2018, inatokana na shambulio la Desemba 2015 katika kaunti ya Mandera, ambapo abiria Waislamu walikataa kutengana na Wakristo mbele ya bunduki za Al-Shabaab. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi siku hiyo na kufariki Januari 2016. Mwaka mmoja kabla ya tukio hilo, Novemba 2014, abiria 28 wa basi jingine walikuwa wameuawa huko Mandera baada ya kutenganishwa hivyohivyo.

Wapo waliodai kwamba filamu hiyo ni ya Wajerumani na kwa hiyo ni ya kuwafariji Wajerumani. Lawama hiyo ina chembe ya haki, na ingefaa ielekezwe kwenye mambo mahususi badala ya pasipoti. Kwa kipimo cha rasa filamu inasimama. Bhayanaka inatawala robo tatu ya safari: mwanamke Mkristo ndani ya basi, macho yasiyotulia, mtandio wa kuazimwa. Lakini hofu si mwisho wake. Salah anaposimama na kuzungumza, filamu inaingia katika vira ya wajibu, ushujaa usioshika silaha. Na karuna inayofuata ina mzazi. Kila mtu ndani ya ukumbi anajua ni nani aliyefyatua. Ndiyo maana haimwachi mtazamaji na huruma. Inamwacha na kitu kingine, kizito zaidi, ambacho hakiwezi kulipwa kwa mchango.

Upande wa pili wa mapigano sasa. Mnamo Agosti 2021 ulitolewa mkusanyiko wa Kitamili wa filamu fupi tisa uitwao Navarasa, chini ya usimamizi wa Mani Ratnam na Jayendra Panchapakesan, kila filamu ikibeba jina la rasa moja. Kusudi lilikuwa jema, kusaidia wafanyakazi wa filamu walioathiriwa na janga la UVIKO, na baadhi ya filamu hizo ni nzuri. Lakini mpango wenyewe umewapa walimu wavivu kisingizio: rasa tisa, visanduku tisa, mwanafunzi na aamue filamu yake inaingia kisanduku gani. Inafaa kuangalia kwamba Payasam, iliyopewa kinyaa, inavutia kwa sababu inakataa kisanduku chake. Mzee mwenye wivu kwenye harusi ya jamaa yake anamwaga sufuria ya chakula kitamu. Hakuna kilichooza katika sufuria hiyo, na kinyaa anachokionja mtazamaji ni kinyaa cha roho ya mzee, kilichochanganyika na kumsikitikia. Bila mchanganyiko huo pangekuwa na jina tu la bibhatsa. Anandavardhana, mhakiki wa karne ya 9, alikwisha kuonya kwamba rasa haipatikani kwa kutajwa, hudokezwa. Mwandishi anayeandika neno huzuni mara kumi hajahuzunisha mtu, na filamu inayobandikwa jina la karuna haijawa karuna.

Zimebaki hoja mbili za wapinzani zinazostahili jibu. Ya kwanza husema kwamba nadharia hii ni ya kigeni. Jibu lake ni fupi. Aristotle, Marx na Freud waliingia katika uhakiki wa Kiswahili bila kuulizwa hati za kusafiria, na Euphrase Kezilahabi, aliyetaka katika tasnifu yake ya 1985 uhakiki wa Kiafrika ujisimamie, hakudai kwamba milango ifungwe upande wa mashariki na kuachwa wazi upande wa magharibi. Aliyeanzisha mafunzo ya fasihi ya Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1960, Farouk Topan, ni mtu wa Zanzibar mwenye asili ya Kihindi, na tamthilia yake ya 1973 inaitwa Aliyeonja Pepo. Kuonja si mgeni katika lugha hii. Hadithi tamu, sauti tamu, maneno matamu. Na Mkamba anayesema kwamba wimbo ni muyo anatumia neno lilelile alilolitumia kwa chakula.

Hoja ya pili ni nzito. Inasema kwamba kuonja njaa ya mwingine ni ufisadi wa walioshiba. Kwamba nadharia iliyokuzwa miongoni mwa wasomi wa Kisanskriti, ambayo inagawa wahusika katika hali za juu, za kati na za chini na kuwapa wafalme lugha moja na watumishi nyingine, haina haki ya kuzungumzia mkulima wa Migwani. Ugawaji huo upo katika Natyashastra na hauwezi kufichwa, ingawa sura ya kwanza ya kitabu hichohicho inasema mchezo uliumbwa kama Veda ya tano ili watu wa tabaka zote, pamoja na wale waliokatazwa Veda nne, waupate. Lakini na iulizwe ni nani hasa anayemtendea mkulima ufisadi. Ni yule anayemwonyesha akiwa na hasira, kicheko, kumbukumbu na kazi, hata majonzi yake yakawa ya kila mtu? Au ni yule anayemwonyesha akiwa na njaa tu, ili aliyeshiba ajisikie mwema kwa dakika kumi? Filamu ya huruma ndiyo inayoyagawa makundi mawili, la watoaji na la wapokeaji, na kulifunga kila kundi upande wake wa kioo. Karuna haiwezi kuonjwa na mtu aliyebaki upande mmoja.

Kazi ya mara moja ni ya tafsiri. Wasiosoma Kisanskriti wanategemea tafsiri ya Kiingereza, kama ile ya Manomohan Ghosh ambayo sehemu yake ya kwanza ilitoka Calcutta mwaka 1951, na wahakiki wachache wa Afrika Mashariki wanaoitaja rasa huchukua maneno kutoka Kiingereza hicho bila kuyapima upya. Ndivyo karuna inavyoitwa huruma katika mihadhara. Huruma ni hisia ya aliye juu kwa aliye chini. Mtu huonewa huruma, na anayeona amesimama. Ikiwa mwanafunzi wa Migwani ataambiwa kwamba karuna ni huruma, atatengeneza filamu ileile ya mzoga na mtungi, na safari hii atakuwa na nadharia ya Kihindi ya kumtetea. Kiswahili kina majonzi, kina simanzi, kina jitimai. Yatakayeafiki sura za 6 na 7 zaidi ni yale ambayo mtu anaweza kuyabeba pamoja na mwenziwe, na kati ya hayo majonzi yanaelekea kufaa kuliko mengine, kwa kuwa Waswahili hukaa nayo msibani, wote chini, juu ya mkeka mmoja.